AZIMIO PEKE YAKE HALIUNDI CHAMA
Uhakiki wa kuzaliwa kwa ACT-Wazalendo kwa kipimo cha historia ya Uluguru

1. SWALI LENYEWE

Tangu mwaka 1992, nchi yetu iliporudi katika mfumo wa vyama vingi, vyama vimeandikishwa kwa wingi. Vilivyo vingi vilijitambulisha kwa yale vinavyoyapinga, si kwa jamii vinayotaka kuijenga. Kwa hiyo kilipojitokeza chama kilichosema waziwazi kwamba kinashika njia ya ujamaa, tena kikatoa azimio la kulihuisha Azimio la Arusha, jambo hilo halikuwa dogo. Chama hicho ni ACT, kilichojulikana baadaye kama ACT-Wazalendo. Kilipata usajili wa kudumu mwezi Mei 2014, na mwezi Juni 2015 kikatangaza Azimio la Tabora.

Makada wengi walilipokea jambo hilo kwa namna mbili, na zote mbili hazifai. Wapo waliosema kwamba hao ni watafuta vyeo waliokosana na wenzao, basi hakuna la kujadili. Wapo wengine, hasa wanafunzi, waliosoma azimio lile wakakuta maneno wanayoyapenda, wakahitimisha kwamba chama cha wavujajasho kimekwisha kuzaliwa. Wa kwanza wanahukumu watu. Wa pili wanahukumu maandishi. Katika makala haya tunakusudia kulichambua jambo lenyewe: chama cha mrengo wa kushoto huundwaje, na kwa nini azimio zuri halitoshi kukiunda?

Neno "kushoto" linatokana na Mapinduzi ya Ufaransa ya mwaka 1789. Katika Bunge la wakati ule waliotaka kupunguza nguvu za mfalme walikaa upande wa kushoto wa mwenyekiti, na waliomtetea mfalme wakakaa kulia. Neno limesafiri mbali tangu siku hiyo, lakini kiini chake hakijabadilika. Wa kushoto ni yule anayesimama na wazalishaji dhidi ya wale wanaoishi kwa jasho la wazalishaji. Haiwezekani mtu kuwa wa kushoto kwa kutangaza tu. Hapana budi aonekane amesimama na nani pale penye mgogoro.

2. VIPIMO VITATU

Sheria ya Vyama vya Siasa ya mwaka 1992 iliweka sharti kwamba chama kinachotaka usajili wa kudumu kiwe na wanachama wasiopungua 200 katika kila mkoa, kwa mikoa isiyopungua 10, na miongoni mwake iwemo ya Unguja na Pemba. Sharti hilo lina maana yake, kwani linazuia vyama vya kabila au vya eneo moja. Lakini sheria hupima kama chama kipo. Haipimi kama chama ni cha nani. Kwa kazi hiyo ya pili sisi tunapendekeza vipimo vitatu.

Kwanza, ni mgogoro gani wa wazalishaji ambao chama kimeukuta na kuubeba? Pili, kazi ambayo chama kinawataka watu waifanye, matunda yake yanamwendea nani? Tatu, ndani ya chama nani ameshika mpini na nani ameshika makali. Yaani, wanachama wa chini wana njia gani ya kumwajibisha kiongozi anapoacha msimamo?

Vipimo hivi hatukuvitoa hewani. Vinatokana na historia ya wakulima wa mkoa huu wa Morogoro, ambayo makada wengi huitaja kwa fahari bila kuichambua.

3. MATUTA YA ULUGURU

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Serikali ya kikoloni ilikuwa na mpango wa matumizi ya ardhi katika milima ya Uluguru. Hoja yake ilikuwa kwamba miteremko inamomonyoka, udongo unashuka mitoni, na kwa hiyo kila mwenye shamba achimbe matuta ya ngazi. Hoja ya mmomonyoko haikuwa uongo. Mvua za Uluguru ni kubwa na miteremko ni mikali. Lakini namna ya kuitekeleza ilikuwa amri, na mkaidi alipelekwa barazani akatozwa faini. Waliosimamia amri hiyo walikuwa watawala wa kienyeji waliowekwa na kulipwa na Serikali hiyo hiyo.

Mkulima aliona mambo ambayo bwana shamba hakutaka kuyasikia. Katika sehemu nyingi za mashariki ya milima udongo wa juu ni mwembamba. Ukiuchimba ili kupata tuta, unaufukia udongo wenye rutuba na kuutoa nje ule usio na kitu. Mahindi yakadhoofu. Kazi yenyewe ilikuwa nzito, na mzigo wake uliwaelemea zaidi wanawake, ambao ndio wenye kubeba sehemu kubwa ya kazi ya shamba. Tena ardhi ya Waluguru ni ya koo, na urithi hufuata upande wa mama. Anayelima leo shamba la ukoo mwingine aliona hatari ya kuchimba tuta la kudumu katika ardhi isiyo yake, na mwenye ardhi naye aliona hatari ya kumruhusu.

Mwezi Julai 1955 watu walikusanyika Matombo kukataa matuta. Polisi waliletwa, risasi zikapigwa, mtu mmoja akauawa. Mpango wa kulazimisha matuta ukaanguka.

Wakati huo TANU, iliyoundwa Dar es Salaam Julai 7, 1954, ilikuwa na umri wa mwaka mmoja tu. Wakoloni walipenda kusema kwamba wananchi walichochewa na wanasiasa. Mwaka 1960 Roland Young na Henry Fosbrooke walichapisha kitabu juu ya ardhi na siasa za Waluguru, wakaonyesha jinsi mgogoro ule ulivyofungamana na utawala wa kienyeji na mambo ya koo. Baadaye Lionel Cliffe, aliyefundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, alisisitiza kwamba upinzani dhidi ya kilimo cha kulazimishwa, hapa na katika wilaya nyingine, ndio ulioipa harakati za uhuru nguvu yake vijijini. Hoja hizi mbili hazipingani kama inavyodhaniwa. Matuta yalichukiwa kabla TANU haijazaliwa. TANU haikuunda mgogoro ule. Iliukuta, ikaupa lugha ya taifa zima, na ikamwonyesha mkulima wa Matombo kwamba adui yake si bwana shamba peke yake bali ni utawala wote uliomtuma.

Hapo ndipo chama kilipopata mizizi. Hati ya kuanzishwa kwake ilikuwa imekwisha kuandikwa mwaka mmoja kabla, lakini hati hiyo ilipata maana pale mkulima alipoona kwamba inazungumza juu ya jembe lake.

Kuna jambo moja zaidi, na wanafunzi walizingatie sana. Upande wa Mgeta, magharibi ya milima, matuta ya ngazi hayakufa. Yapo hata leo, yamepandwa kabichi, karoti na viazi vinavyopelekwa Morogoro na Dar es Salaam. Je, Mluguru wa Mgeta alikuwa mtiifu kuliko wa Matombo? La hasha. Mboga zilikuwa na soko, na aliyechimba tuta aliyaona malipo ya jasho lake mwenyewe. Tuta ni lile lile. Kilichotofautiana ni nani aliyefaidi.

4. FUNZO LA UMMA PARTY

Mgogoro bila chama huishia katika ghasia. Hilo ni kweli. Lakini chama chenye nadharia, kisicho na umma wake, huishia wapi? Mfano ulio karibu ni wa Zanzibar. Mwaka 1963 Abdulrahman Mohamed Babu, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Hizbu, alijitoa katika chama hicho na kuunda Umma Party. Chama hicho kilikuwa cha kushoto bila kificho. Kilikuwa na vijana waliosoma nadharia, wenye nidhamu na wenye uhusiano na vyama vya wafanyakazi. Serikali ya wakati ule ilikiogopa, ikakipiga marufuku mwanzoni mwa Januari 1964.

Siku chache baadaye, Januari 12, yakatokea Mapinduzi. Makada wa Umma walishiriki na mchango wao ulikuwa mkubwa. Lakini umati wa wakulima na makuli waliokuwa na uchungu wa miaka mingi ulikuwa ndani ya Afro-Shirazi. Mwezi Machi 1964 Umma ilijivunja na kuingia ASP. Haikuweza kuwa vinginevyo. Kilichopatikana katika miezi michache kilikuwa kikosi cha makada. Chama cha umma hakipatikani kwa muda huo. Hatusemi hivyo kwa dharau. Tunasema kwamba nadharia iliyo sahihi bado inahitaji watu walioizoea kazini, shambani na bandarini, na mazoea hayo hayaamriwi.

Amilcar Cabral wa Guinea-Bissau alilielewa jambo hili. Kabla ya kushiriki kuunda PAIGC mwaka 1956, alifanya kazi ya sensa ya kilimo ya nchi yake akiwa mtaalamu wa kilimo. Alijua nani analima nini, kwa ardhi ya nani, na mazao yanakwenda wapi. Chama chake kilijengwa juu ya ujuzi huo.

5. ACT NA AZIMIO LA TABORA

Sasa tuviweke vipimo vyetu juu ya ACT.

Wema wa Azimio la Tabora tuutaje wazi, kwani uhakiki usiotaja wema ni matusi tu. Azimio lile lilirudisha katika mjadala wa taifa neno ujamaa wakati ambapo wanasiasa wengi waliliona kama nguo ya zamani. Lilidai miiko ya uongozi na kuwataka viongozi watangaze mali zao hadharani. Lilizungumza juu ya hifadhi ya jamii kwa watu wasio na ajira rasmi. Hata mahali palipochaguliwa pana uzito: ilikuwa Tabora, Januari 1958, ambako TANU iliamua kushiriki uchaguzi wa kura tatu. Kasoro ya ACT, basi, haikuwa katika maneno.

Kwa kipimo cha kwanza, ACT haikuzaliwa katika mgogoro wa wazalishaji. Ilizaliwa kutokana na mgogoro wa uongozi ndani ya chama kingine. Januari 2014 CHADEMA iliwafukuza Kitila Mkumbo na Samson Mwigamba. Machi 2015 Zitto Kabwe naye akatoka katika chama hicho, akawa Kiongozi wa ACT. Inawezekana kabisa kwamba katika ugomvi ule walikuwa na haki. Hilo si swali letu. Swali letu ni kwamba mgogoro wa viongozi huzaa chama cha viongozi, hata kama viongozi hao ni wajamaa wa kweli. Watu hualikwa baadaye, kama wageni katika nyumba iliyokwisha kujengwa.

Tusikipime chama kwa kura peke yake. Katika uchaguzi wa 2015 mgombea urais wa ACT, Anna Mghwira, alipata chini ya asilimia 1 ya kura, na chama kikapata jimbo moja, Kigoma Mjini. Chama kichanga hakiwezi kuhukumiwa kwa hesabu hiyo, wala uwanja wa mashindano haulingani kwa chama kilicho madarakani na kilichoandikishwa jana. Angalau makada wetu wasilitumie jambo hilo kama hoja ya itikadi, kwa maana si hoja ya itikadi.

Kipimo cha tatu ndicho kinachofichua zaidi. Aprili 2017 Kitila Mkumbo, mmoja wa wajenzi wakuu wa fikra za chama hicho, aliteuliwa kuwa Katibu Mkuu wa Wizara. Juni mwaka huo Anna Mghwira, Mwenyekiti, aliteuliwa kuwa Mkuu wa Mkoa wa Kilimanjaro. Kabla ya mwaka kwisha wote wawili walikuwa wamejiunga na CCM. Hatuwasuti. Kila raia ana haki ya kuitumikia nchi yake na haki ya kubadili chama. Lakini kada mwenye kufikiri hana budi kuuliza: wanachama wa ACT katika matawi walikuwa na chombo gani cha kulizungumzia jambo hilo kabla halijatokea? Azimio lilikuwapo, na mpini wa azimio ulikuwa mikononi mwa wachache. Wachache wakitawanyika, mpini unakwenda nao.

Wapo makada waliopiga makofi siku zile, wakisema itikadi ya CCM imeshinda. Tunawauliza: kilichovuta kilikuwa itikadi, au kilikuwa wadhifa? Kama ni itikadi, ungeonekana mjadala wa itikadi, na sisi hatukuusikia. Chama kinachopata wajamaa kwa njia ya uteuzi kitawapoteza kwa njia hiyo hiyo.

Mwezi Machi 2019 ACT ilipata umma mkubwa, lakini si kwa njia ya Azimio la Tabora. Maalim Seif Sharif Hamad, baada ya mgogoro mrefu ndani ya CUF, alihamia ACT na wafuasi wake wa Zanzibar wakamfuata. Umma huo ulikuwa umejengwa kwa zaidi ya robo karne, kwa uchungu na madai ya Visiwani. Kwa hiyo historia ya ACT inathibitisha hoja yetu kwa pande mbili. Azimio bila umma lilibaki kwenye karatasi. Umma ulipofika, ulifika na ajenda yake. Kuviunganisha viwili hivyo ni kazi nyingine kabisa, na haimalizwi na mkutano mmoja wa hadhara.

6. MKUKI KWA NGURUWE

Msomaji wetu asiridhike upesi. Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu. Vipimo tulivyoviweka juu ya ACT lazima viwekwe juu ya Chama kinachotawala pia, la sivyo si vipimo bali ni silaha za ugomvi.

Kwa nini palikuwa na nafasi ya chama kingine kulichukua Azimio la Arusha? Kitu kikiokotwa njiani, lazima kilikuwa kimeangushwa. Azimio la mwaka 1967 lilimkataza kiongozi kuwa na hisa katika kampuni, kuwa mkurugenzi wa kampuni ya kibepari, kupokea mishahara miwili au zaidi, na kupangisha nyumba. Februari 1991 Halmashauri Kuu ya Taifa, katika kikao cha Zanzibar, ililegeza masharti hayo. Zipo sababu zilizotolewa na zinajulikana: hali ngumu ya uchumi wa miaka ya 1980 na mishahara isiyotosha. Lakini Katiba ya Chama imeendelea kutamka imani katika Ujamaa na Kujitegemea. Pengo kati ya katiba na mwenendo ndilo lililowapa wengine nafasi ya kusimama.

Tena tusijidanganye kwamba kabla ya 1991 mambo yote yalikuwa sawa. Kati ya 1973 na 1976 mamilioni ya wakulima walihamishiwa vijijini, wengi wao kwa amri. Hapo mjini Morogoro kilijengwa kiwanda cha viatu kwa mkopo wa Benki ya Dunia, kikapangiwa kutoa jozi milioni 4 kwa mwaka, nyingi ziuzwe Ulaya. Hakikufika hata asilimia 10 ya uwezo huo. Ujamaa wa namna hiyo ulifanana na matuta ya 1955 kwa jambo moja: ulipangwa na wengine kwa niaba ya mchimbaji, na mchimbaji hakuulizwa juu ya udongo wake. Mwalimu mwenyewe, katika tathmini yake ya mwaka 1977 juu ya miaka kumi ya Azimio la Arusha, hakuficha upungufu uliokuwapo. Makada wa leo wasiwe waoga kuliko yeye.

7. KAZI ILIYO MBELE

Tumalizie kwa jambo lililo mbele ya macho yetu. Maji ya Uluguru huingia mto Ruvu, na Ruvu ndio chanzo kikubwa cha maji ya Dar es Salaam. Kuna hifadhi ya mazingira asilia yenye hekta zipatazo 24,000 milimani, na wanavijiji wanaoizunguka wanatakiwa waache kukata miti na wasilime kwenye miteremko ovyo. Ni agizo la haki, kwa kuwa mto ukifa wote tutakufa. Lakini gharama ya kuutunza mto inamwangukia mkulima wa juu, na faida inashuka na maji.

Katika miaka ya 2000 na mwanzoni mwa miaka ya 2010 mashirika ya CARE na WWF yaliendesha mradi huko Kibungo Juu. Kwa mchango wa DAWASCO na kampuni ya Coca-Cola, wakulima walilipwa kwa kuhifadhi ardhi, pamoja na kuchimba matuta. Tuangalie mwendo wa historia: mwaka 1955 baba aliadhibiwa kwa kukataa tuta, nusu karne baadaye mjukuu akalipwa kwa kulichimba. Hiyo ni hatua mbele, kwani imekubaliwa kwamba jasho lile lina thamani. Hata hivyo, malipo ya mradi yana umri wa mradi, na kiwango chake hakikupangwa na mkulima. Mpini bado uko mbali na mkono wake.

Huo ndio mgogoro wa wazalishaji wa Uluguru katika zama zetu: nani anautunza mlima, nani anakunywa maji yake, na nani anapanga bei. Chama kitakachoubeba mgogoro huo kitakuwa cha kushoto milimani hapa, kiwe kipya au cha zamani, hata kama hakijawahi kuandika azimio. Chama kitakachouacha hakitakuwa cha kushoto, hata kikiwa na maazimio ya kujaza kabati.

Kwa hiyo tunawataka makada na wanafunzi, kila mmoja katika tawi lake, waanze na maswali haya katika kikao kijacho cha shina. Wananchi wa hapa wanagombea nini na nani? Kazi tunayowataka waifanye inamnufaisha nani? Na siku kiongozi wetu akiuacha msimamo, mwanachama wa shina hili atamshika kwa chombo gani? Kikao kikishindwa kuyajibu, tusiende kuwacheka walioandika azimio Tabora. Twende Matombo tukajifunze upya.